Asante sana wewe ulienisaidia simu yangu ikafunguka
Ndugu yangu sikujui jina wala sura ila pokea shukrani zangu. Nilisahau patani, ule mchoro wa kufungulia skrini, nikairiseti simu kwa zile batani za pembeni nikajua yameisha, kumbe inawaka inadai akaunti ya Google iliyokuwemo mwanzo na pasiwedi siikumbuki kabisa. Kila mtu ananiambia tafuta programu ya kubaipasi, yaani kuiruka hiyo loki ya akaunti, wewe ukasema tulia kwanza, hiyo loki imewekwa makusudi tangu Android 5.1 mwaka 2015 ili mwizi hata akiifuta simu asiifaidi, na mwenye mali anapita mlangoni, yaani anarudisha akaunti yake. Ukakaa na mimi usiku ule hatua kwa hatua, nitumie intaneti niliyoizoea, nichague kodi, yaani namba za kuthibitisha, ije kwenye laini yangu. Ikaja, naandika namba mkono unatetemeka. Halafu picha za marehemu mama zilizokuwa zimehifadhiwa kwenye akaunti zikaanza kushuka mojamoja, nililia jamani. Na ulivyonikumbusha kutoa akaunti kwenye setingi kabla ya kuriseti nimeshawaambia wote nyumbani. Hukuniomba hata senti. Mungu akuzidishie popote ulipo.