Kwa vijana mnaotunga chuo cha uchawi wa sauti

Wajukuu zangu,

Assalaam aleikum. Karatasi mlizoniachia nimezisoma usiku mbili, mpaka ya mwisho. Chuo cha hadithi yenu mmekipanga: kina mnara, kina walimu wa kutisha, na mwanafunzi akitamka neno moja ukuta unaporomoka. Mmeniuliza mimi kwa kuwa nimepiga udi, ile ala ya nyuzi, tangu utoto, basi nakujibuni kwa mapenzi. Chuo chenu kina midomo mingi, na hakina sikio hata moja.

Nimetafuta ukurasa ambao mtu ananyamaza akasikiliza. Sikuuona. Kila mmoja anapaaza sauti na dunia inamtii.

Nilipelekwa kwa mwalimu wangu nikiwa na miaka kumi na miwili, na kwa miezi kadhaa hakuniruhusu kushika risha, kile kipande cha kupigia nyuzi. Kazi yangu ilikuwa kukaa mkekani na kusikiliza. Siku moja akaweka udi mbili, wake na wa pili mbele yangu, amezikaza nyuzi zake mpaka zimekubaliana. Akachana kipande cha karatasi ya sigara, akakikunja kama paa la kibanda, akakipandisha juu ya uzi mmoja wa ule udi wa mbele yangu. Halafu akapiga uzi kama ule kwenye udi wake, mara moja, taratibu. Karatasi ikatetemeka, ikaruka, ikaanguka mkekani. Hakuna aliyeugusa udi ule. Akairudisha karatasi mahali pake, akalegeza kigingi cha udi wake kidogo tu, akapiga tena, safari hii kwa nguvu mpaka nikahofia uzi utakatika. Karatasi ikatulia tuli.

Miaka imepita na bado sijaona uchawi wa kuushinda huo. Uzi hauitiki nguvu, unaitika mwenzake. Kila uzi una mtetemo wake; hewa inachukua visukumo vidogo vidogo, na vikifika kwa uzi wenye mtetemo huohuo vinajumlikana, kama mtu anayemsukuma mtoto kwenye pembea kila pembea inaporudi. Visukumo vikija ovyo, vinaangushana vyenyewe. Sasa mtazameni yule msichana wenu anayebomoa ukuta. Mpeni usiku kucha wa kuugonga kwa vidole, sikio limegusa jiwe, mpaka ajue ukuta ule unaitika sauti gani. Msomaji atakesha naye.

Wazee wetu walilijua hili bila ya vitabu. Katika ngoma za pepo hakuna mlio mmoja wa kuwaamrisha wote. Kila pepo ana ngoma yake na nyimbo zake. Wa kibuki wanataka kodiani. Mpigie pepo ngoma isiyo yake, hapandi. Sikuambieni muamini pepo, hilo ni la kila mtu na imani yake. Nasema waliopanga mambo yale walijua kuwa mwenye kuita lazima kwanza amjue anayemwita. Na kabla ya kuanza walizipasha ngoma motoni, kwa sababu ngozi ikinywa unyevu inalegea na mlio unakufa. Chuo chenu kiko kisiwani: mvua za masika zinafanya nini kwa uchawi wenu?

Lile tarumbeta la dhahabu liondoeni. Siwa ya Pate, lile baragumu la wafalme, ni ya pembe za ndovu, imezidi mita 2, hupulizwa kwa tundu la ubavuni, na iko Lamu katika makumbusho. Kilichokukimbizeni mkakiacha kitu chenu wenyewe ni nini?

Yule kijana wa piano naye hakosei kamwe, na hilo linachosha. Mpeni maqam ya Rasti, mpangilio wa noti wa muziki wa Kiarabu. Noti yake ya tatu inakaa katikati ya vibao viwili vya piano; aitafute, asiipate, aende kwa mtu wa udi akajifunze upya kwa unyenyekevu. Sultani Barghash, aliyetawala Unguja kuanzia 1870 hadi 1888, anasimuliwa kuwa alimtuma Mohamed Ibrahim mpaka Cairo kwenda kujifunza kanuni, ala ya nyuzi nyingi. Mtu anavuka bahari kufuata sauti, anarudi nayo, na mwaka 1905 Ikhwani Safaa, kikundi cha taarab, inaundwa mjini. Mkitaka safari ya mwanafunzi, hiyo hapo inakusubirini.

Jambo la mwisho ni zito kwangu. Miaka mingi nyuma nilipiga harusi moja, mwenye ukumbi akanikalisha karibu na spika kubwa. Nikamwomba aisogeze, akacheka. Nikaona haya kuondoka. Tangu usiku ule sikio langu la kushoto linalia, mlio mwembamba usiokoma, na sauti za juu za fidla upande huo sizipati tena. Ndani ya sikio mna vinyweleo vidogo vinavyopokea mtetemo, na kwa binadamu vikifa havioti tena. Katika hadithi yenu watu wanapiga kelele za kupasua mawe halafu wanakwenda kula chakula cha usiku wakiongea vizuri tu. Haiwezekani. Kila neno kubwa limtoze aliyelisema. Leo asimsikie chiriku, mwakani asiisikie sauti ya mamake akimwita kwa jina. Hapo ndipo mtajua nani katika chuo kile anastahili kufundishwa, na mwalimu wake atasita kabla ya kumfundisha.

Njooni Alhamisi baada ya alasiri. Udi wangu upo. Leteni wa pili, hata wa kuazima. Karatasi nimeshaikata.

Babu yenu,
Unguja