Kwako binamu, kuhusu Makhan Singh

Binamu yangu,

Salamu nyingi. Huku nyumbani wote hatujambo. Nakuandikia hadharani kwa kuwa maneno yako kule matangani uliyasema hadharani: kwamba Wahindi walikaa madukani wakihesabu pesa huku wengine wakipigania uhuru. Vijana walikuitikia. Mimi yaliniuma, maana nilimkumbuka Makhan Singh, Mhindi wa Kenya aliyetetea wafanyakazi na kudai uhuru.

Alizaliwa Punjab mwaka 1913 na kufika Nairobi mwaka 1927, kwa baba yake aliyekuwa seremala wa reli na baadaye akawa na matbaa. Katika kazi hiyo ya uchapaji, kijana akajua shida za wafanyakazi. Mwaka 1935 alikabidhiwa ukatibu wa chama cha wafanyakazi wa Kihindi, na hakukaa sana kabla ya kukifungua kwa watu wa kila rangi. Hebu fikiria Nairobi ya enzi hizo, mshahara wako na mtaa wako wa kulala vikiamuliwa na ngozi yako! Matangazo ya chama yakawa yanatoka kwa Kiswahili na kwa lugha za Kihindi. Mwaka 1937 waligoma siku 62, na mishahara ikapanda kwa asilimia 15 hadi 22.

Serikali ya kikoloni iliweza kumvumilia Mhindi anayedai kivyake na Mwafrika anayedai kivyake. Kuwaona wamekaa kikao kimoja ndiko kulikoitia tumbo joto. Alipokwenda India, Waingereza walimkamata mwaka 1940, na hakuwa huru tena hadi 1945. Aliporudi Kenya mwaka 1947, wakahangaika kumfukuza nchini, wakashindwa. Tarehe 1 Mei 1949 yeye na Fred Kubai, Mwafrika aliyetetea wafanyakazi kama yeye, wakaunda shirikisho la vyama vya wafanyakazi vya Afrika Mashariki, Kubai akiwa rais, yeye katibu mkuu. Serikali ikakataa kulisajili.

Sasa nisikilize vizuri hapa. Tarehe 23 Aprili 1950, katika ukumbi wa Kaloleni, KAU (Kenya African Union), chama cha siasa cha Waafrika, ilikutana na chama cha siasa cha Wahindi. Makhan Singh akasimama, akataka nchi za Afrika Mashariki zipewe uhuru kamili, tena sasa. Mwaka 1950, binamu! Wakati huo wanasiasa wengi walikuwa bado wanaomba kuongezewa viti katika Baraza la Kutunga Sheria. Tarehe 15 Mei yeye na Kubai wakatiwa mbaroni, na kesho yake wafanyakazi wa Nairobi wakaweka zana chini. Waafrika waligoma kwa ajili ya Kalasinga na Mkikuyu waliokamatwa pamoja. Hilo nalo lilitokea katika mji huohuo unaoishi wewe.

Mbele ya jaji hakuficha kitu: alisema yeye ni mkomunisti. Wakampeleka kizuizini mbali huko kaskazini, Lokitaung, kisha Maralal, kisha Dol Dol, na hawakumwachilia hadi Oktoba 1961, miezi miwili hivi baada ya Kenyatta. Amehesabiwa zaidi ya miaka 11 kizuizini. Utakubali imani yake ya kikomunisti au utaikataa, hiyo ni haki yako. Mimi mwenyewe nina maswali yangu juu yake. Lakini usiniambie mtu huyo alikuwa dukani.

Kinachonikera zaidi ni yaliyofuata. Uhuru ulipokuja, hakupewa cheo chochote serikalini, na vyama vya wafanyakazi alivyovijenga vikampita kama hawamjui. Akajifungia kuandika historia ya vyama hivyo, kitabu kikatoka mwaka 1969. Alifariki Nairobi mwezi Mei 1973. Watoto wetu wanamaliza shule bila kulisikia jina lake, kwa hiyo kosa si lako peke yako.

Hati zake zimehifadhiwa Chuo Kikuu cha Nairobi. Wewe uko karibu, na una marafiki pale. Ulizia namna ya kuingia uzisome, uwachukue na wale vijana waliokuitikia. Nikija mwezi ujao tutazungumza vizuri, na safari hii nitataka uanze wewe.

Ni mimi, binamu yako.