Uso wa Barbara Steele

Mpendwa Zuhura,

Salamu nyingi. Huku sote wazima, mama anakuulizia kila Ijumaa.

Barua yako nimeisoma mara mbili. Eti wamekupa tena kucheza mchawi kwenye filamu! Mara ya tatu hii, na wote wanasingizia macho yako. Nisamehe, nilicheka. Halafu nikafika pale unaposema safari hii wanataka kukuwekea sauti ya mtu mwingine, nikamkumbuka Barbara Steele.

Huyo ni mwigizaji, Mwingereza wa Birkenhead, kazaliwa 1937, alisomea uchoraji kwanza. Hollywood walimpa nafasi kwenye filamu ya Elvis Presley, akaiacha, ikaenda kwa Barbara Eden. Mwaka 1960 Mtaliano Mario Bava, fundi wa kamera aliyegeuka mwongozaji, akampa kucheza watu wawili katika filamu ya kutisha, La maschera del demonio: Asa, mchawi aliyeuawa zamani, na Katia, binti mpole wa ukoo uleule. Mwanzo tu, barakoa yenye misumari kwa ndani inagongelewa usoni mwa Asa kwa nyundo! Uingereza waliizuia filamu hiyo miaka mingi. Mimi lakini sikutishwa na misumari. Kilichonitisha ni uso uleule ukikutazama kwa upole, kisha ukikutazama kama unakujua.

Na sauti si yake. Waitaliano enzi hizo waliingiza sauti baadaye studio, na hata toleo la Kiingereza alisemewa na mwanamke mwingine. Mwingereza kusemewa Kiingereza! Heri wale wetu wa vibanda vya video, wao angalau wanachekesha.

Baada ya hapo ni makasri na majeneza tu, kwa waongozaji wa Kitaliano, Freda na Margheriti. Mwongozaji Fellini alimweka kwenye filamu yake 8½ mwaka 1963, nafasi ndogo, lakini humo anapumua hewa safi. Miaka ya sabini akacheza kwa mwongozaji Cronenberg, na baadaye akahamia nyuma ya kamera: alikuwa mmoja wa watayarishaji wa War and Remembrance, tamthilia ya vita iliyoshinda tuzo ya televisheni ya Emmy mwaka 1989.

Basi uchawi uchukue, unakulipia kodi ya nyumba. Ila sauti wakatalie, shoga. Ile sauti yako ya mkwaruzo ndiyo inayotisha kuliko macho.

Filamu nimeiweka kwenye flashi, nitampa shemeji Jumamosi. Usiitazame usiku peke yako.

Wako,
Rehema