Barua kwa Mwanaidi: yule dada wa filamu za kimya

Tanga,
Jumapili jioni

Shoga yangu Mwanaidi,

Salamu nyingi. Huku wazima. Mama anakusalimu, na ile kanga uliyomletea kaivaa siku hiyo hiyo.

Unakumbuka uliponiambia filamu isiyo na sauti ni wali usiotiwa chumvi? Basi juzi nimekaa na moja mpaka usiku mkubwa, Within Our Gates ya 1920, kazi ya Mmarekani Mweusi Oscar Micheaux. Aliyenikesheza ni mwigizaji wake, Evelyn Preer. Anacheza mwalimu Sylvia, anayetoka Kusini mwa Marekani kwenda Boston kutafuta dola 5,000 ili shule ya watoto Weusi isifungwe. Kuna mahali anakaa tu kimya, kachoka na milango ya watu, hata mkono hauinui, na wewe unaona kabisa kwamba huyu leo hajala.

Halafu yanakuja ya wazazi waliomlea, wanavyonyongwa na kundi la Wazungu. Kule Chicago filamu iligombaniwa sana kabla ya kuonyeshwa. Ghasia za rangi za 1919 zilikuwa zimeua watu 38 mjini humo, wakubwa wakaogopa itawasha moto upya. Kana kwamba moto uliwashwa na sinema!

Chicago ndiko alikokulia Evelyn mwenyewe. Alizaliwa Vicksburg, Mississippi, 1896, baba akafa, mama akahama naye. Micheaux ndiye aliyemtoa, 1919, katika The Homesteader. Hiyo hutaiona, wala mimi. Nakala zote zimepotea. Na hii niliyoiona mimi ilibaki nakala moja tu duniani, Hispania, ikiitwa La Negra. Maandishi yake ya Kiingereza, yale ya kusoma badala ya sauti, yalikuwa yamegeuzwa karibu yote kuwa Kihispania, kwa hiyo Maktaba ya Bunge la Marekani ilipoitengeneza, 1993, ikabidi yarudishwe Kiingereza upya. Maneno ya Sylvia yamepita vinywa viwili, shoga. Uso tu ndio haukuguswa na mkalimani.

Sauti alikuwa nayo, usidhani. Aliimba, akapanda jukwaani na Lafayette Players, kundi la waigizaji Weusi, akawahi na filamu za kusema. Lakini 1932 alijifungua binti, na miezi michache baadaye nimonia ikamchukua, Los Angeles, ana miaka 36. Binti akaja kuwa mtawa, Sista Francesca Thompson, na tasnifu yake ya udaktari akaiandika juu ya Lafayette Players hao hao. Hapo nilizima kompyuta nikaenda kumtazama wangu kalala.

Ukija Idi nitakuwekea. Ila kaka yako mwache huko huko, maana atataka kutusimulia kwa sauti kama yuko kibanda cha video.

Wako,
Zaituni