Shaibu, chaki usiitupe kwanza

Mikindani, Jumapili jioni

Ndugu yangu Shaibu,

Salaam nyingi. Mama mpe shikamoo yangu kabla hujaendelea kusoma, halafu rudi hapa. Huku hatujambo. Joto limeshaanza, ming'oko imejaa sokoni, na Somoe bado anauliza dumu lake limeishia wapi huko Newala. Mimi simo, mjibu mwenyewe.

Ujumbe wako wa sauti nimeusikiliza wote, dakika kumi na moja, mara mbili. Naandika kwa sababu kwenye simu huniachi nikamaliza neno. Kumbe barua ya kuacha kazi ya ualimu umeshaiandika, bado kuipeleka kwa mkurugenzi tu! Wewe, Hamisi na yule kijana wa Masasi mnafungua kampuni ya akili mnemba ya kupima ubora wa korosho kwa picha za simu, na ushahidi wako ni mmoja: "Karim Beguir alianza na dola 2,000, leo yuko wapi?" Haya. Tuanze na huyo Karim, maana safari yake umeisoma kuanzia mwisho.

Dola 2,000 ni kweli. InstaDeep, kampuni yake ya akili mnemba, ilianza Tunis mwaka 2014, na kompyuta mpakato mbili. Kwamba alikulia Tataouine, kusini ya mbali ya Tunisia, nako ni kweli, na najua hapo ndipo alipokuteka, maana nasi wa kusini tumezoea kuambiwa tuko mwisho wa barabara. Ila kabla ya hizo kompyuta mbili, mtu alikuwa ameshasoma École Polytechnique ya Ufaransa na kupita Courant, taasisi ya hisabati ya Chuo Kikuu cha New York. Na hakuwa peke yake. Karim umemtaja mara tisa, nimehesabu. Zohra Slim hukumtaja hata mara moja, na kampuni waliianzisha wawili. Wewe unayetaka kuitwa mwanzilishi mwenza ungeanza kwa kumkumbuka huyo mwenza.

Sasa bei. Umesema "pauni milioni 562". BioNTech, wale wa chanjo ya korona, walitangaza Januari 2023 kwamba wanainunua InstaDeep kwa takriban pauni milioni 362 za kuanzia, sehemu fedha taslimu na sehemu hisa za BioNTech yenyewe. Zile nyingine ni "hadi milioni 200", na zinalipwa malengo yakifikiwa. Mauziano yakakamilika Julai mwaka huohuo. Kwa hiyo ukisema 562 unahesabu magunia wakati mkorosho ndio kwanza umetoa maua, na ubwiriunga, ule ugonjwa wa maua, haujapita.

Lakini sikukalia kiti hiki kwa ajili ya bei. Angalia mnunuzi ni nani. Novemba 2020 BioNTech na InstaDeep walishatangaza mkataba wa miaka kadhaa na maabara ya pamoja London na Tunis. Wakatengeneza mfumo wa kuchungulia aina mpya za virusi vya korona, ukawa unazitambua zaidi ya asilimia 90 ya zile zilizokuja kutajwa na Shirika la Afya Duniani, kwa wastani miezi miwili kabla hazijatajwa. Januari 2022 InstaDeep ilipokusanya dola milioni 100, BioNTech alikuwamo miongoni mwa waliotia fedha, pamoja na Google na Deutsche Bahn, shirika la reli la Ujerumani, ambalo nalo lilikuwa na kichwa kinachouma cha kupanga ratiba za treni. Kwanza mtu ni mteja, kisha anakuwa mwanahisa, kisha ananunua nyumba nzima. BioNTech alikuwa ameshaonja mchuzi kwa miaka zaidi ya miwili. Na zile dola milioni 7 zilizoongozwa na AfricInvest ziliingia 2019, mwaka wa tano wa kampuni. Wewe unataka mwekezaji mwezi wa tatu.

Halafu walichagua matatizo ambayo mwenye nayo anapoteza fedha kila siku. Mwaka 2018 watafiti wao walitoa kazi juu ya kufundisha mashine kupanga maboksi ndani ya kontena ili nafasi isipotee, mashine ikijipima na matokeo yake yenyewe ya nyuma: ikiyapita inatuzwa, ikishindwa inakatwa alama. Hesabu hiyohiyo ungeipeleka bandarini Mtwara wakati wa msimu, mtu akakuelewa. Wakawa pia na huduma ya kupanga njia za umeme kwenye bodi za vifaa vya elektroniki. Wakashirikiana na timu ya Google ya Accra kutafuta mazalia ya nzige wa jangwani. Nzige sidhani kama walilipa sana, lakini… tuyaache ya nzige.

Swali langu basi, na nitalirudia hadi ulichoke: mteja wenu nani? Ujumbe wako unasema "mkulima". Shaibu, mkulima wa gunia nne atalipia programu kutoka fungu gani? AMCOS, chama cha ushirika cha wakulima, nayo inaishi kwa ushuru mdogo wa kila kilo. Anayeumia ubora ukikosewa ni anayenunua kwa ajili ya kubangua au kusafirisha. Piga hesabu naye: kipimo ni ratili za kiini kwa gunia la kilo 80. Ratili moja tu ikipungua, kwenye tani moja, yaani magunia 12.5, amepoteza ratili 12.5, karibu kilo 5.7 za kiini. Kwenye lori la tani 30 ni kilo 170. Huyo ukimpunguzia kosa hata la ratili moja ana sababu ya kukusikiliza. Huyo ndiye BioNTech wenu.

Na hapa ndipo wazo lenu lina tundu. Mnataka kupiga picha korosho ghafi ikiwa na ganda. Ganda halisemi kilichomo! Korosho inayong'aa nje unaikata unakuta kiini kimesinyaa, kina madoa ya wadudu, au mna ukungu tu. Picha ya nje itakupa ukubwa, rangi, na takataka zilizochanganyika, basi. Kamera ikae baada ya kisu. Utaratibu wa kukata unaujua, lakini nauandika ili Hamisi ausome: sampuli ya kilo 1, hesabu idadi ya korosho, kata zote kwa urefu, toa viini pamoja na ngozi yake, tenga mafungu matatu. Vizuri kabisa pima uzito wote. Vyenye madoa na vilivyosinyaa pima, hesabu nusu. Vibovu tupa. Jumlisha gramu, zidisha kwa 0.1764, umepata ratili. Mfano vizuri gramu 255, vya nusu gramu 30, jumla 270, mara 0.1764 ni ratili 47.6. Mzozo wote wa ghalani uko kwenye lile fungu la kati: huyu anasema kina doa, huyu anasema ni safi. Hilo ndilo la kuipa mashine, tena ukibaki na mzani wako pembeni, kwa sababu picha haipimi gramu.

Mambo yatakayowavuruga, kwa jinsi ninavyoyajua. Mafuta ya ganda yanababua vidole na yanachafua kila kitu: kiini kikiguswa nayo kinapata alama ya kahawia ambayo kamera itaiita doa, na kioo cha lenzi kikishikwa na mikono ileile picha zote zinakuwa ukungu. Aliyekata asipige picha. Karatasi nyeupe mbadilishe kila sampuli. Mwanga nao: saa nne asubuhi mlangoni mwa ghala na saa kumi ndani ni vitu viwili, kwa hiyo tengenezeni kiboksi chenye taa yake na simu ikae juu urefu uleule.

Lebo, yaani kuiambia mashine kila kiini ni cha fungu gani, wasiweke watu wa mjini. Tafuteni wakataji wawili wenye uzoefu, kila mmoja apange viini vilevile bila kumwona mwenzake, halafu mlinganishe. Wakipishana kwenye viini 20 kati ya 100, msitegemee mashine ikubaliane nao wote.

Ile asilimia 98 ya usahihi mliyoipata kwenye majaribio, ambayo kijana wa Masasi ameiweka hadi kwenye picha yake ya wasifu, mimi siiamini. Mna korosho 200, kila moja mmeipiga picha 10, jumla 2,000, mkazichanganya na kutenga baadhi za majaribio. Maana yake korosho ileile imo kwenye mafunzo na imo kwenye mtihani. Wewe mwalimu, ukimpa mwanafunzi mtihani wenye maswali yaleyale ya daftari lake utasema kafaulu? Tengeni kwa ghala: za Tandahimba na Newala zifunze, za Nanyumbu zitahini, na zisigusane. Kisha msiangalie asilimia ya jumla. Kama viini 90 kati ya 100 ni vizuri, modeli inayosema "kizuri" kila mara, bila kuangalia chochote, inapata 90. Ulizeni: katika vibovu 100, imekamata vingapi?

Kompyuta kubwa msinunue. Modeli ndogo za aina ya MobileNet zimetengenezwa kwa ajili ya simu. Kufunza mnakodi mashine kwa saa, kutumia ni ndani ya simu yenyewe, bila intaneti, maana huko ghalani mtandao mnaujua. Na picha zisionyeshe stakabadhi yenye jina la mkulima. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 si ya kuchezea.

Haya, hisa. Ile karatasi yako ya kugawana asilimia 34, 33, 33 nimeiona. Haina kosa la hesabu. Kosa ni kwamba mnagawana zote siku ya kwanza. Hamisi akipata ajira Dodoma mwezi wa saba, anaondoka na 33 zake, ninyi mnabaki mnalima shamba ambalo theluthi ni la mtu asiyeshika jembe, na hakuna mwekezaji atakayeligusa. Wanachofanya wengi ni kuzipata hisa kidogo kidogo kwa miaka 4: miezi 12 ya kwanza ukiondoka huna kitu, ukifika wa 12 unapata robo ya fungu lako, kisha moja ya 48 kila mwezi. Akiondoka mwezi wa 18 anakwenda na 18 kwa 48 ya 33, yaani kama 12.4, na zilizobaki zinarudi. Andikeni hilo kwenye mkataba wa wanahisa kabla hamjagusa mfumo wa BRELA, wale wanaosajili kampuni, na muongeze kifungu kwamba programu, picha na lebo ni mali ya kampuni, si ya aliyezipiga. Kijana wa Masasi akikataa kusaini hicho, bora mjue sasa.

Na yule bwana anayetaka asilimia 40 kwa milioni tano "kuwasaidia kuanza"… Shaibu, hiyo ni kangomba. Mtu anakuja Agosti njaa ikiwa kali, anapima korosho zako zikiwa bado juu ya mti. Mkimpa 40 mnabaki na 60, yaani 20 kila mmoja. Aingie mwingine achukue 20 ya kampuni, mko 16. Aingie tena mwingine hivyohivyo, mko 12.8. Na hapo bado hamna mteja. (Nimelirudia.)

Kazi usiache. Omba likizo bila malipo kama mkurugenzi atakubali, au fanyeni msimu huu mmoja, Oktoba hadi Desemba, jioni na Jumamosi, ghala tatu tu, bila kuuza chochote. Mashine iseme ratili, mkataji aseme ratili, muandike zote mbili pembeni mwa kile mbanguaji alichokuja kupata kiwandani. Sampuli mchote juu, katikati na chini ya rundo, maana ukichota juu tu umeshakosea kabla kamera haijawashwa. Mkiwa na daftari la sampuli 60 za namna hiyo mna kitu cha kumwekea mtu mezani.

Sasa nijibu, kwa maandishi, si kwa sauti. Nani kati yenu watatu anajua kukata, kukata kwelikweli? Zile 2,000 mlizipiga kwa simu ngapi, moja? Huyo bwana wa milioni tano ananunua korosho au anafanya nini hasa? Hamisi mkewe anajua? Mmeshazungumza na mbanguaji hata mmoja, au bado mnawaogopa? Ile barua ya kuacha kazi iko wapi, mfukoni au kwa mwalimu mkuu? Na dumu la Somoe?

Basi la Ijumaa likija, mpe kondakta kilo moja ya sampuli, isiyokatwa, na majibu ya modeli yenu kwenye bahasha iliyofungwa. Huku tutakata, kisha tutafungua bahasha.

Wasalimie wote,

Wako Rashidi