Risala ya kikundi chetu cha filamu kwa mgeni rasmi, siku ya kumpongeza Mwalimu

Mheshimiwa mgeni rasmi, itifaki imezingatiwa. Karibu sana Nkuhungu na pole na vumbi, Dodoma ndo ilivyo.

Kikundi kilianza na vijana wanne na kamera ya kuazima, sasa hivi tupo 17, historia nyingine tunairuka maana jua kali. Leo tunampongeza Mwalimu wetu, yule pale kajificha nyuma ya spika. Huyu mtu mheshimiwa ni wa kila kitu, alianza kushuti harusi na sendofu enzi za kanda za VHS, akahamia kwenye filamu, akatengeneza makala ya wakulima wa zabibu, skripti anaandika yeye, kamera anashika yeye, kuediti yeye, na akikosekana mtu wa kucheza maiti anajilaza mwenyewe. Yule Robert Rodriguez wa Marekani filamu yake ndefu ya kwanza, ya mwaka 1992, aliitengeneza kwa kama dola 7,000, akaandika akashuti akaediti mwenyewe, watu wakashangaa ilivyotumia hela kidogo. Mwalimu alipoambiwa akauliza, "Zote hizo za filamu moja?"

Mafanikio ni mengi mno. Tumekamilisha filamu sita (moja ya dakika 9, ila imekamilika). Kazi zetu zimevuka mipaka ya mkoa, maana moja ilioneshwa Manyoni mpaka jenereta lilipoishiwa mafuta. Upepo kuingia kwenye maiki nao tumeudhibiti, tunaivalisha soksi ya mtoto.

Sasa changamoto. Hatuna kompyuta ya kuediti. Iliyopo ni laptopu ya Mwalimu, RAM (kumbukumbu ya kufanyia kazi) GB 4, betri ilishakufa, feni inalia kama mashine ya kusaga. Filamu ya nusu saa tunaianza kurenda, yaani kompyuta iunganishe vipande viwe video moja, saa mbili usiku, mtu anakaa zamu anaipepea na kifuniko cha ndoo, ikifika asilimia 90 umeme unakatika na tunaanza upya.

Si kwamba hatujawahi kuomba. Mgeni rasmi wa mwaka juzi, tunamshukuru sana, alisimama hapo hapo ulipo akasema kompyuta itafika kabla ya Pasaka, tukapiga makofi na mbuzi tukachinja, kumbe hatukumuuliza Pasaka ya mwaka gani. Wa mwaka jana alitaka profoma, ile karatasi ya bei kutoka dukani, tukapeleka ikapotea, ya pili ikapitwa na tarehe, ya tatu tukaambiwa yupo kikaoni. Mikopo ya asilimia 10 ya mapato ya ndani ya halmashauri, lile fungu la vijana, tunaijua, ila mkopo unataka marejesho na sisi filamu tunaonesha bure.

Kwa heshima kubwa mheshimiwa, ahadi tunazo za kutosha. Tunaomba kompyuta moja yenye RAM GB 32, hadidiski ya kuhifadhia kazi na UPS ya kushikilia umeme ukikatika, basi, kamera tutaendelea kuazima. Profoma ya nne ina tarehe ya jana, katibu anakukabidhi sasa hivi, na kopi tumeshampa dereva wako.

Tunaomba kuwasilisha.