Uajemi ya Koreshi na Washirazi wa Kilwa ni zama mbili tofauti

Mhariri,

Tunaomba nafasi katika gazeti lako. Katika makala, katika maelezo wanayopewa watalii Kilwa Kisiwani, na hata katika majibu ya wanafunzi wa sekondari za Lindi na Mtwara, Washirazi wanaotajwa katika historia ya Kilwa wanageuzwa kuwa wajukuu wa Koreshi na Dario, wafalme wa Uajemi wanaosomwa katika Biblia. Si kweli, na hesabu peke yake inatosha kulionyesha hilo.

Dola ya Koreshi ilikwisha mwaka 330 KK, pale Alexander wa Makedonia alipoiangusha na majumba ya kifalme ya Persepolis yakateketea. Ali bin al-Hasan, anayetajwa na tarihi ya Kilwa, yaani masimulizi ya kale ya watawala wake, kuwa mwanzilishi wa utawala wake, ni mtu wa karne ya 11 BK. Sarafu za fedha zenye jina lake zilipatikana mwaka 1984 Mtambwe Mkuu, Pemba, zikiwa zimefukiwa pamoja na dinari za dhahabu za Wafatimiya, watawala wa Misri, na dinari ya karibuni zaidi katika hazina hiyo ni ya mwaka 1066. Jumlisha 330 na 1066, kisha toa 1, kwa kuwa hakuna mwaka sifuri kati ya KK na BK. Utapata miaka 1,395. Persepolis iko kama kilomita 60 kutoka Shiraz, mji wa Uajemi uliowapa Washirazi jina lao, na nadhani kosa linaanzia hapo: watu wanaona ukaribu wa ramani, wanasahau umbali wa miaka.

Sarafu za Ali hazina mwaka wala jina la mji. Umri wake unajulikana kwa vitu vilivyolala nazo ardhini tu. Ndiyo maana Neville Chittick, mwanaakiolojia aliyechimba Kilwa kabla hazina ya Pemba haijaonekana, alimweka Ali mwishoni mwa karne ya 12, na vitabu vingi vinaendelea kunakili tarehe hiyo mpaka leo. Mwalimu akikuta tarehe mbili zinazopishana kwa zaidi ya miaka mia, atazame kwanza kitabu kiliandikwa kabla au baada ya 1984.

Tarihi yenyewe nayo isomwe kwa makini. Inatufikia kwa njia mbili: muhtasari wa Kireno uliochapishwa na João de Barros mwaka 1552, na maandishi ya Kiarabu ambayo nakala yake inayotumika ilinakiliwa Zanzibar mwaka 1877. Hazikubaliani. Katika ile ya Kiarabu baba na wanawe sita wanasafiri kwa majahazi saba, na mmoja wao anatia nanga Kilwa. Kwa Barros, Ali anaondoka bila ndugu zake kwa sababu wanamdharau, mama yake akiwa mjakazi wa Kihabeshi. Zote mbili zinatokana na masimulizi yaliyoandikwa karne kadhaa baada ya Ali, katika mji ambao ukoo wenye sifa ulikuwa hoja ya kutawala. Zinatufundisha mengi kuhusu Kilwa ya karne ya 16 ilivyopenda kujieleza. Kwa karne ya 11 ni shahidi wa kusikia.

Wapo wanaokwenda upande wa pili wakasema Uajemi wote ni uzushi. Nao wanakosea. Utafiti wa vinasaba uliotolewa mwaka 2023, ukitumia mabaki ya watu 80, wakiwemo waliozikwa Kilwa, Songo Mnara na Lindi, ulionyesha kwamba mchanganyiko wa Waafrika na watu wa Asia ulianza kufikia mwaka 1000 hivi. Upande wa Asia ulitoka zaidi kwa wanaume wa Uajemi, na upande wa Afrika zaidi kwa wanawake. Kwa hiyo kumbukumbu ya wazee ina msingi, ila msingi huo ni wa wafanyabiashara Waislamu wa zama za kati waliooa hapa na kuzaa hapa.

Kosa jingine linaanzia kwenye vigae. Ufukweni Kilwa hupatikana vipande vinene vya mitungi, udongo wake wa manjano hafifu, vikiwa na rangi ya feruzi inayong'aa kama kioo. Wataalamu huviita vya Kisasania na Kiislamu, kwa kuwa mtindo ulianza wakati wa Wasasania, waliotawala Uajemi kuanzia 224 hadi 651, ukaendelea hadi karne ya 10. Anayeshika nusu ya kwanza ya jina hilo hutangaza kwamba Wasasania walifika Kilwa. Na mitungi hiyo ilitengenezwa zaidi kusini mwa Iraki, eneo la Basra. Tunawasihi wageni na vijana wetu wasiviokote. Kigae kikishatolewa kwenye tabaka lake hakiwezi tena kutaja umri wa kitu kingine chochote.

Tukirudi kwa Uajemi ya kale, kanuni ni ileile: shahidi wa wakati ule atangulie kitabu cha baadaye. Herodotus, Mgiriki, anasimulia kwamba mfalme Cambyses, mwana wa Koreshi, alimchoma kisu fahali mtakatifu Apis kule Misri. Lakini jiwe la kaburi kutoka Saqqara, la mwaka wa sita wa Cambyses, yaani 524 KK, linaonyesha Apis akizikwa kwa heshima zote kwa jina la mfalme huyohuyo. Silinda ya Koreshi, kipande cha udongo chenye maandishi kilichopatikana Babeli mwaka 1879, inasema Marduk, mungu wa Babeli, ndiye aliyemchagua. Haiwataji Wayahudi, na tafsiri inayosambaa kwenye simu kwamba inakomesha utumwa ni ya bandia. Utajiri hasa umo kwenye vibao vya udongo vya Persepolis vya 509 hadi 493 KK, vilivyoandikwa kwa Kielamu, lugha ya kale ya huko: posho za nafaka, bia na mvinyo kwa vibarua, na mwanamke aliyejifungua mtoto wa kiume akipewa mara mbili ya aliyezaa wa kike. Hakuna Mgiriki aliyetuandikia hayo.

Kwa wanaofanya mitihani: Babeli ilitekwa Oktoba 539 KK, lakini Wababeli walihesabu mwaka wa kwanza wa mfalme kuanzia Nisani iliyofuata, Machi au Aprili. "Mwaka wa kwanza wa Koreshi" wa kitabu cha Ezra basi unaanza 538 KK.

Kama tunataka urithi wa Uajemi wa kweli, upo kwenye Nairuzi, siku ya mwaka mpya. Mwaka wa miongo, yaani wa makundi ya siku kumi kumi, waliohesabia wavuvi na wakulima wa pwani una siku 365 bila mwaka mrefu, hivyo unarudi nyuma siku moja kila miaka minne, na sasa huangukia Julai. Ndivyo ilivyokuwa kalenda ya Wasasania wa mwisho. Nairuzi ya Irani inakaa Machi kwa sababu kalenda yao ilirekebishwa mwaka 1079. Mabaharia walitumia hesabu hiyo isiyorekebishwa kupangia safari za kaskazi na kusi, na kwa njia hiyo ikatufikia.

Ombi letu, Mhariri: makala inayotaja Waajemi wa Kilwa isipite mezani kwako kabla mwandishi hajaandika ni karne ya ngapi, na ushahidi wake ni sarafu, kigae, kaburi au tarihi. Mabango na vipeperushi vya watalii navyo vipewe tarehe hizo hizo kabla msimu ujao haujaanza.

Walimu wa Historia,
Kilwa Masoko, Lindi